Henry Mancini na Tembo Wadogo wa Momella



Wengi mnaifahamu Momella, kule chini ya Mlima Meru. Huko ndiko zilikopigwa picha nyingi za filamu ya Hatari! iliyotoka mwaka 1962. Watu humkumbuka mwigizaji John Wayne. Mimi leo nataka tumtazame mtu asiyeonekana kabisa kwenye filamu hiyo: Henry Mancini, mtunzi wa muziki wake.

Alizaliwa Marekani mwaka 1924, mtoto wa wahamiaji kutoka Italia. Baba yake, mfanyakazi wa kiwanda cha chuma, ndiye aliyemwanzishia kupiga filimbi. Mwaka 1952 aliajiriwa na studio ya Universal. Kwa miaka sita alishiriki kutunga muziki wa filamu zaidi ya 100, na nyingi hazikutaja hata jina lake. Halafu mwaka 1958 studio ikapunguza watu, naye akapoteza kazi akiwa na mke na watoto.

Muda mfupi baadaye alienda kwa kinyozi palepale studio, akakutana na Blake Edwards, aliyempa kazi ya muziki wa tamthilia ya televisheni, Peter Gunn. Ndipo dunia ikamjua.

Katika Hatari! kulikuwa na kipande cha tembo watatu wadogo wakimfuata dada mmoja kwenda majini. Mwongozaji, Howard Hawks, hakujua akifanyie nini. Mancini akakitazama tena na tena, akaufuata mwendo wao, ukazaliwa muziki uitwao Baby Elephant Walk. Hadi anafariki mwaka 1994 alikuwa na Oscar 4 na Grammy 20.

Kinachonigusa mimi si tuzo, ni ile miaka sita. Aristotle anafundisha kwamba tunakuwa kile tunachokirudia kukitenda. Na Bwana wetu mwenyewe aliishi Nazareti miaka kama 30 bila umati wowote.

Kwa hiyo wewe unayepiga kinanda Misa ya kwanza kanisa likiwa nusu, au unayetuma maombi ya kazi kila wiki bila kujibiwa, siwezi kukuahidi kwamba utakutana na mtu wako kwa kinyozi. Ila kazi unayoifanya vizuri gizani inakujenga wewe kwanza, na Mungu anaiona. Usiilipue.

Tuombeane.