Jhaverchand Meghani, Mtoto wa Milima ya Saurashtra

Kila mwaka, katika usiku tisa wa Navratri, majirani zetu husimama langoni mwa hekalu hili wakiwatazama akina mama na mabinti wakicheza garba. Wengi wameniuliza nyimbo zile zasema nini, na ni nani aliyezitunga. Swali la kwanza hujibika kwa urahisi. La pili ni zito, kwa maana nyingi ya nyimbo za kale hazina mtunzi ajulikanaye. Zilitoka vinywani mwa wanawake wa vijijini wasiojua kusoma, zikapokewa na binti, kisha na mjukuu. Kama tungali nazo leo, sehemu kubwa ya shukrani ni ya mtu mmoja aliyetembea kijiji hadi kijiji akiziandika kabla hazijazikwa pamoja na wenyewe. Katika kitabu hiki cha kumbukumbu nimeona vyema niyasimulie maisha yake.

Jhaverchand Meghani alizaliwa tarehe 28 Agosti 1896 katika mji mdogo wa Chotila, chini ya kilima chenye hekalu la Chamunda Mata, ambacho mahujaji hukipanda kwa ngazi zaidi ya 600. Chotila imo katika rasi ya Kathiawar, iitwayo pia Saurashtra, ambako ndiko walikotoka wazee wa wengi wetu tulio huku Afrika Mashariki. Zama hizo rasi ile ilikuwa imekatwakatwa katika tawala zaidi ya 200: nyingine kubwa, kama Junagadh na Bhavnagar, na nyingine za vijiji vichache tu pamoja na mtawala wao. Juu ya wote walikuwapo Waingereza, nao Waingereza walikuwa na polisi wao.

Baba yake, Kalidas, alikuwa mmoja wa polisi hao. Ukoo wao ulikuwa wa Kijaini, wenye asili yake Bagasra, wa tabaka la wafanyabiashara, watu wa mizani na daftari. Lakini kazi ya baba iliiondoa familia sokoni ikaipeleka nyikani. Alihamishwa kutoka kituo hadi kituo, na vingi vilikuwa mbali na mji, kando ya mito na vilima, karibu na msitu wa Gir wenye simba. Jioni walikutana hapo askari, wachungaji na malenga wa jamii ya Charan, wakasimulia habari za mashujaa na za wale walioasi watawala wakakimbilia porini. Mtoto wa polisi, basi, alijifunza kuwapenda waasi waliokuwa wakiwindwa na polisi. Sidhani baba yake alilitarajia hilo. Maisha yake yote Meghani alijiita mtoto wa milima. Hakujiita mtoto wa duka, ingawa ndiyo ilikuwa asili ya ukoo wake.

Shule alisoma kwa kuhamahama, akamaliza sekondari Amreli mwaka 1912, kisha akapata shahada katika lugha za Kiingereza na Kisanskriti. Mwaka 1917 alikwenda Calcutta kufanya kazi katika kampuni ya vyombo vya alumini, akapanda hadi kuwa meneja wa kiwanda, na kampuni ikampeleka Uingereza kwa shughuli za biashara. Mimi mwenyewe nimeuza sufuria za alumini kwa miaka mingi, nami najua uzito wa nafasi kama hiyo kwa kijana wa Kivania: mshahara mzuri, imani ya mwajiri, na njia iliyonyooka kuelekea utajiri. Calcutta pia ilimfunza Kibengali, akavisoma vitabu vya Tagore katika lugha yake.

Baada ya miaka kama mitatu aliyaacha yote akarudi nyumbani. Hakufukuzwa, wala kampuni haikufilisika. Alishikwa na hamu ya nchi yake hata akashindwa kukaa. Wazee wa biashara watasema ulikuwa upumbavu, na kwa hesabu za daftari walikuwa na haki. Tangu hapo Meghani hakupata kuwa tajiri.

Mwaka 1922 alijiunga na gazeti la wiki liitwalo Saurashtra, lililochapishwa Ranpur chini ya Amritlal Sheth. Hapo ndipo kazi yake kubwa ilipoanza. Alikwenda kwa gari la moshi, kwa ngamia na kwa miguu, akikaa barazani kwa watawala wadogo kama Vajsur Vala wa Hadala, mjuzi wa habari za kale, na akiwasikiliza malenga waliohifadhi historia nzima kifuani. Kwa wanawake kazi ilikuwa ngumu zaidi, maana waliona haya kumwimbia mwanamume mgeni. Ilimbidi awe na subira na adabu, akae kama mwana mbele ya mama zake, mpaka nyimbo za harusi, za kubembeleza watoto na za kuomboleza zikaanza kutoka. Kati ya 1923 na 1927 alitoa juzuu tano za hadithi za Saurashtra, kisha vitabu vya waasi wa Sorath na mikusanyo ya nyimbo. Mwaka 1928 alipewa Nishani ya Dhahabu ya Ranjitram, akiwa wa kwanza kuipata.

Mwaka 1930, Gandhi alipoanzisha mapambano ya chumvi, Meghani alitoa kijitabu cha nyimbo za uhuru. Serikali ikakipiga marufuku. Watu wakazinakili kwa mkono. Alikamatwa akashtakiwa kwa hotuba ambayo hakuitoa. Mahakamani Dhandhuka aliomba ruhusa ya kuimba, na inasimuliwa kwamba hakimu mwenyewe alitokwa na machozi. Hata hivyo akafungwa miaka miwili katika gereza la Sabarmati, ingawa aliachiwa mwaka 1931 baada ya mapatano ya Gandhi na Irwin. Mwaka huohuo Gandhi, naye mzaliwa wa rasi ileile, alipokuwa akipanda meli kwenda London, alipokea shairi la Meghani lililomfananisha na anayekwenda kunywa kikombe cha mwisho cha sumu. Gandhi akamwita malenga wa taifa.

Mwaka 1933 mkewe, Damayanti, alifariki akiacha watoto wadogo. Meghani alihamia Bombay, akaoa tena, na mwaka 1936 akarudi Ranpur kuhariri gazeti la Phulchhab. Mwaka 1937 akatoa riwaya juu ya maji ya Sorath yatiririkayo, ambayo msingi wake ni maisha ya vituo vya polisi vya utotoni. Alikuwa amekwisha kuwatukuza waasi. Sasa aliwageukia wale waliovaa sare, watu wa mshahara mdogo, waliokatwa kati ya amri ya bwana na dhamiri yao. Kwangu mimi hicho ndicho kitabu chake kikubwa kuliko vyote, kwa kuwa ndani yake mwana anamsamehe baba.

Alifariki kwa ugonjwa wa moyo mjini Botad tarehe 9 Machi 1947, akiwa na umri wa miaka 50. Miezi mitano baadaye India ikapata uhuru.

Marehemu mama yangu hakupata kusoma hata kitabu chake kimoja, kwani alisoma miaka michache tu. Lakini nilipokifungua kwa mara ya kwanza kitabu cha nyimbo alizozikusanya Meghani, nilikuta humo nyimbo alizokuwa akiimba mama jikoni, nyuma ya duka letu, huku akichambua mchele.