Amri Abedi: Mshairi aliyekabidhiwa Wizara ya Sheria

WENGI wakisikia jina la Sheikh Amri Abeid hukumbuka uwanja wa mpira wa Arusha. Wachache hujua kwamba mwenye jina hilo, Kaluta Amri Abedi, ndiye aliyewaandikia Waswahili kanuni za ushairi kitabuni.

Alizaliwa Ujiji, Kigoma, mwaka 1924, akasoma Tabora. Akawa mhubiri wa Jumuiya ya Ahmadiyya, akashiriki katika kazi ya tafsiri ya Kurani kwa Kiswahili iliyotoka mwaka 1953, na baadaye akapata masomo ya dini Pakistani.

Kitabu chake, Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri, kilitoka mwaka 1954. Kabla yake mtunzi chipukizi alijifunza kwa kusikiliza wakubwa. Amri alifafanua vina, mizani, beti na kituo kwa namna ambayo hata mwanafunzi asiye na mwalimu angeweza kuifuata, kisha akaweka tungo zake mwenyewe zipimwe kwa mizani hiyohiyo. Ni ujasiri ambao wahakiki wengi hawana.

Kwake, utungo usioimbika haukustahili kuitwa shairi. Msimamo huo ndio uliozua ubishi mkali miaka ya 1970, hasa baada ya Euphrase Kezilahabi kutoa Kichomi mwaka 1974, chenye mashairi yasiyofungwa na vina. Amri hakuwahi kuusikia ubishi huo.

Katika siasa alikuwa Meya wa kwanza Mwafrika wa Dar es Salaam, na mwaka 1963 akawa Waziri wa Sheria. Mwaka huo Bunge lilipitisha sheria ya mahakama za mahakimu, iliyoifanya mahakama ya mwanzo kuwa mlango wa haki kwa mwananchi wa Kwakoa, Upareni, sawa na wa Ujiji. Ni mwaka huohuo pia ilipopita sheria ya adhabu za chini, iliyowapunguzia mahakimu hiari na kulazimisha viboko, 24 kwa mfungwa. Urithi huo ni mzito kuubeba. Sheria ya Huduma kwa Jamii, inayomruhusu mkosaji mdogo kutumikia adhabu uraiani, ilikuja mwaka 2002.

Mwaka 1964 alihamishiwa Wizara ya Maendeleo na Utamaduni. Oktoba mwaka huo alifariki dunia Ujerumani Magharibi, akiwa na umri wa miaka 40.