Allidina Visram: Mfanyabiashara ambaye karatasi yake ilikuwa fedha

Mfanyabiashara wa Lobule, wilayani Koboko, akitaka kumuuzia mzigo mteja kutoka Kongo au Sudan Kusini, huuliza kwanza bei ya fedha ya siku hiyo. Hesabu hiyo si ngeni katika ukanda huu. Zaidi ya miaka 100 iliyopita, mtu aliyeimudu kuliko wengi alikuwa Allidina Visram.

Visram alizaliwa mwaka 1851 huko Kutch, magharibi mwa India. Akiwa na umri wa miaka 12 hivi alivuka bahari hadi pwani ya Afrika Mashariki, akaajiriwa Bagamoyo na Sewa Haji Paroo, tajiri aliyepeleka misafara bara. Sewa Haji alipofariki mwaka 1897, Visram alishika sehemu kubwa ya biashara hiyo.

Mwaka 1898 alifungua duka Kampala. Reli ilipofika Kisumu mwaka 1901, mizigo yake ikapata njia nyepesi, na maduka yakasambaa hadi kuzidi 200. Mengine yalifuata Mto Nile kuelekea Nimule na Gondokoro, na mengine yalikuwa Kongo mashariki.

Wakati huo Koboko na Arua zilikuwa ndani ya eneo la Lado, chini ya Mfalme Leopold wa Ubelgiji. Mwaka 1910 eneo hilo lilikabidhiwa Sudan, na mwaka 1914 sehemu hii ya West Nile ikaingia Uganda. Ndani ya miaka minne, mfanyabiashara wa huku alibadilishiwa serikali mara mbili.

Benki ya kwanza nchini Uganda, National Bank of India, ilifungua milango mwaka 1906 tu. Kabla ya hapo duka la Visram ndilo lililofanya kazi ya benki. Mwenye fedha aliziacha duka moja na kupewa hundi ya kulipwa duka jingine, hivyo hakubeba rupia njiani. Neno hilo hundi, ambalo leo tunaliita karatasi ya benki, lililetwa na wafanyabiashara hao kutoka India.

Hundi ya kulipwa baadaye haikuwa na thamani ile ile iliyoandikwa juu yake. Tuchukue mfano wa hundi ya rupia 1,500 inayolipwa baada ya siku 73, na soko linadai riba ya asilimia 10 kwa mwaka. Siku 73 ni moja ya tano ya mwaka, kwa hiyo punguzo ni rupia 30 na bei ya leo ni 1,470. Riba ikipanda, bei inashuka.

Visram alifariki mwaka 1916 kwa homa, baada ya safari ya Kongo. Kampuni haikudumu; katika miaka ya 1920 ilianguka.

Miaka hiyo ilikuwa migumu kwa wengi. Kwa muda mrefu rupia 15 zilikuwa sawa na pauni 1 ya Uingereza. Mwaka 1920 serikali iliweka rupia 10 kwa pauni. Aliyekopa rupia 1,500 na kuuza pamba London alijikuta deni la pauni 100 limekuwa pauni 150, ingawa tarakimu kwenye karatasi haikubadilika.

Leo karatasi iliyo karibu na hundi ile ni hati fungani ya serikali, ambayo Benki Kuu ya Uganda huiuza kwa mnada na mwananchi huinunua kupitia benki yake, kuanzia shilingi 100,000. Bei yake hutangazwa kwa kila 100. Hati ya shilingi milioni 10 ikitangazwa 95, bei ni 9,500,000.

Hata hivyo hesabu haiishii hapo. Kama hati hiyo inalipa asilimia 14 kwa mwaka, kila miezi sita mwenyewe hupata 700,000. Ikiuzwa katikati ya kipindi hicho, muuzaji anadai nusu yake, yaani 350,000. Mnunuzi anapaswa kutoa 9,850,000.

Muuzaji anayepokea 9,500,000 akidhani ndiyo bei kamili amempa mnunuzi riba yake bure.