Moïse Tshombe: kiongozi wa Katanga aliyetekwa angani

LUBUMBASHI – Katika mji wa Lubumbashi, jina la Kasapa linabeba mambo mawili: chuo kikuu, ambamo vijana wanajifunza sheria na elimu ya uhalifu, na gereza kuu. Maisha ya Moïse Tshombe yanagusa yote mawili. Aliongoza Katanga kwa miaka miwili na nusu, akaleta mamluki wa kigeni nchini, kisha naye akatekwa ndani ya ndege na kupelekwa nchi ya mbali. Alikufa huko akiwa na miaka 49.

Mtoto wa mfanyabiashara

Tshombe alizaliwa tarehe 10 mwezi wa kumi na moja 1919 huko Musumba, makao ya wafalme wa Lunda. Baba yake, Joseph Kapenda Tshombe, alikuwa mmoja wa Wakongomani wachache waliotajirika kwa biashara wakati wa ukoloni. Kijana alisoma kwa wamisionari Wametodisti, akajifunza uhasibu, akaoa binti wa Mwant Yav. Biashara ya maduka haikumwendea vizuri. Siasa ndiyo iliyomwinua. Mwaka wa 1959 akawa rais wa CONAKAT, chama kilichotaka Katanga ijitawale.

Katanga yajitenga

Siku 11 tu baada ya uhuru, tarehe 11 mwezi wa saba 1960, Tshombe alitangaza kwamba Katanga ni nchi huru. Hakuna serikali hata moja ya kigeni iliyoitambua. Lakini pesa zilikuwapo, kwa sababu kampuni ya Union Minière ilikuwa inalipa kodi zake Elisabethville, wala si Léopoldville. Kwa pesa hizo jeshi la majandarme liliundwa chini ya maofisa Wabelgiji, na mamluki wakaandikwa kutoka Ubelgiji, Ufaransa, Afrika Kusini na Rhodesia. Kaskazini mwa jimbo, Waluba waliokataa kujitenga walishambuliwa na vijiji vyao kuchomwa.

Tarehe 17 mwezi wa kwanza 1961, Patrice Lumumba, Maurice Mpolo na Joseph Okito walishushwa kwenye uwanja wa ndege wa Luano, wamefungwa kamba na kupigwa vikali. Usiku huohuo walipigwa risasi porini. Kamisheni ya ONU ilisema mwaka huohuo kwamba yaelekea sana Tshombe mwenyewe na baadhi ya mawaziri wake walikuwapo. Miaka 40 baadaye, mwaka wa 2001, kamisheni ya bunge la Ubelgiji ilikubali kwamba baadhi ya viongozi wa nchi hiyo walikuwa na lawama ya kimaadili. Tshombe hakusimama hata siku moja mbele ya hakimu kwa ajili ya damu hiyo.

Kurudi na kuanguka

Majeshi ya ONU yalimaliza utawala wa Katanga mwezi wa kwanza 1963, na Tshombe akakimbilia Uhispania. Mwezi wa saba 1964, Rais Kasavubu alimwita awe waziri mkuu wa Kongo nzima, wakati Wasimba walikuwa wakishika sehemu kubwa ya mashariki. Tshombe akaita tena mamluki, wakiongozwa na Mike Hoare. Tarehe 24 mwezi wa kumi na moja, askari wa miamvuli wa Ubelgiji walishuka Stanleyville, Kisangani ya leo, kutoka kwenye ndege za Marekani. Raia wengi walikufa, wenyeji na wageni.

Mwaka uliofuata Kasavubu alimfukuza kazi, na wiki sita hivi baadaye Mobutu akachukua madaraka. Tshombe alirudi Uhispania. Mwezi wa tatu 1967, korti ya Kinshasa ilimhukumu kifo kwa uhaini, yeye mwenyewe akiwa hayupo.

Ndege yageuzwa njia

Tarehe 30 mwezi wa sita 1967, siku ya uhuru wa Kongo, Tshombe alikuwa katika ndege ndogo karibu na visiwa vya Uhispania. Mwenzake wa safari, Francis Bodenan, Mfaransa aliyewahi kufungwa jela kwao, alitoa bastola na kuwalazimisha marubani wawili Waingereza kutua Algiers.

Siku chache baadaye Mbelgiji Jean Schramme, pamoja na mamluki wengine na majandarme wa Katanga, waliasi. Waliuteka mji wa Bukavu mwezi wa nane na kuushikilia hadi mwezi wa kumi na moja, kisha wakakimbilia Rwanda. Wakaaji wa Bukavu ndio waliobaki na nyumba zilizobomolewa.

Mobutu alidai akabidhiwe Tshombe. Korti kuu ya Algeria ilikubali, lakini Rais Boumediene hakumtoa. Hakuachiliwa, wala hakufanyiwa kesi nyingine. Alikufa kizuizini tarehe 29 mwezi wa sita 1969. Ilitangazwa kwamba moyo ulisimama. Alizikwa Ubelgiji.

Sheria zilikuja baadaye. Mkataba wa The Hague dhidi ya kuteka ndege ulitiwa sahihi mwaka wa 1970, na ule wa nchi za Afrika dhidi ya mamluki mwaka wa 1977. Leo sanamu ya Tshombe imesimama mbele ya posta ya Lubumbashi. Kuna wanaomheshimu kama mtetezi wa Katanga, na kuna wasioweza kusahau Lumumba. Kwa mwanafunzi wa sheria pale Kasapa, maswali mawili yanabaki wazi: nani angemhukumu Tshombe kwa haki, na nani angewahukumu waliomteka?