Siti binti Saad: Mwanamke na Wimbo wa Haki

Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, wazazi wake wakiwa watumwa. Aliuza vyungu kabla ya kuhamia mjini na kusifika kwa uimbaji. Taarabu ya kasri iliimbwa kwa Kiarabu; yeye aliiimba kwa Kiswahili, na mwaka 1928 alirekodi santuri huko Bombay. Katika wimbo wa Kijiti alisuta mahakama iliyowaadhibu wanawake mashahidi ilhali muuaji ametoroka. Alifariki mwaka 1950, na Shaaban Robert akaandika wasifu wake. Nasi wa Kajiado, tunaowasikia akina mama wa Kimaasai wakimwomba Enkai kwa nyimbo, tunamwelewa: mwanamke aliyenyimwa sikio barazani alisikilizwa alipoimba.