Geoffrey Keen: Maisha ya Mhusika Msaidizi

Mwanafunzi wa tamthilia hufunzwa mapema kutofautisha mhusika mkuu na mhusika msaidizi. Hata hivyo, uhakiki wetu aghalabu humwangazia wa kwanza na kumpitia wa pili juujuu. Maisha ya Geoffrey Keen, mwigizaji Mwingereza aliyedumu katika nafasi za usaidizi kwa takriban miaka 40, yanatudai tulitazame upya jambo hili. Nasi wa Meru na Embu tunahusika, kwani nafasi yake mojawapo ilitokana na kisa cha ardhi yetu.

Keen alizaliwa Uingereza tarehe 21 Agosti 1916. Babaye, Malcolm Keen, alikuwa mwigizaji, na mwana akafuata nyayo. Alisomea uigizaji London, akapanda jukwaani, na wakati wa Vita vya Pili vya Dunia akahudumu katika kikosi cha matibabu cha jeshi. Baada ya vita aliingia katika filamu. Katika The Fallen Idol (1948) alikuwa mpelelezi. Katika The Third Man (1949) alikuwa askari. Tangu hapo alijulikana kama sura ya mamlaka: afisa, mkuu wa ofisi, mtu wa kutoa amri.

Televisheni ndiyo iliyomwingiza majumbani mwa watu. Mwaka 1965 BBC ilianza kuonyesha Mogul, tamthilia ya mfululizo kuhusu kampuni ya mafuta, ambayo baadaye iliitwa The Troubleshooters na kuendelea hadi 1972. Humo Keen aliigiza Brian Stead, mkurugenzi mkali. Wahusika wengine walisafiri huku na huko kukabiliana na hatari; yeye alibaki ofisini akiamua hatima yao.

Katika kipindi hicho hicho alishiriki katika Born Free (1966), filamu iliyopigwa karibu na Naro Moru, chini ya Mlima Kenya. Inasimulia habari za Joy na George Adamson na simba wao, Elsa. Elsa halisi aliachiliwa katika eneo la Meru, akafa Januari 1961, na kaburi lake limo katika Mbuga ya Kitaifa ya Meru. Keen aliigiza Kendall, mkubwa wa Adamson serikalini. Elsa anapowatimua ndovu hadi kijijini, Kendall ndiye anayesisitiza kwamba simba huyo hawezi kuendelea kufugwa. Bila kauli hiyo, filamu haina mgogoro. Ni hadithi ya kipenzi cha nyumbani tu.

Filamu ya pili, Living Free, ilipotolewa mwaka 1972, waigizaji wakuu wote wawili walikuwa wamebadilishwa. Keen alirudi akiwa Kendall yule yule, na Peter Lukoye akarudi akiwa Nuru. Wakuu walipokezana, wasaidizi wakaishikilia hadithi.

Hapa pana swali zito. Kendall anasema kwa niaba ya sheria, na kwa njia hiyo anabeba kilio cha wanakijiji. Lakini wanakijiji wenyewe wanasema machache mno. Mkulima wa Meru au Mbeere, ambaye hata leo hukesha akilinda shamba lake dhidi ya ndovu, anajua kwamba kisa hiki kina upande wa pili. Katika filamu, upande huo umepewa afisa wa kigeni, naye akawa kama kizuizi cha furaha ya wapenzi wa simba.

Kati ya 1977 na 1987 Keen alionekana katika filamu sita za James Bond akiwa Waziri wa Ulinzi. Kisha akastaafu. Alifariki tarehe 3 Novemba 2005, akiwa na umri wa miaka 89.

Basi tunapohakiki tamthilia au filamu, tusimuulize mhusika msaidizi amesema maneno mangapi. Tuulize anabeba hoja ya nani, na kwa nini mwenye hoja hakupewa nafasi ya kuisema mwenyewe.