Wallis Simpson (1896–1986): Ndoa ya Mfalme na Tuhuma za Ujasusi

Unaposoma wasifu huu, tenganisha mambo mawili: yaliyothibitishwa na yaliyoshukiwa. Wanafunzi wengi huyachanganya na kupoteza alama.

Maisha ya awali
Wallis alizaliwa Pennsylvania, Marekani, mwaka 1896. Baba yake alifariki angali mchanga, akalelewa Baltimore kwa msaada wa jamaa. Aliolewa mwaka 1916 na rubani wa jeshi la majini, wakatalikiana. Mwaka 1928 aliolewa tena na Ernest Simpson, mfanyabiashara wa London. Huko ndiko alikofahamiana na Edward, mrithi wa kiti cha ufalme wa Uingereza.

Mfalme aacha kiti
Edward alirithi ufalme Januari 1936, akataka kumwoa Wallis. Waziri Mkuu Stanley Baldwin alipinga. Kumbuka kwamba mfalme ndiye mkuu wa Kanisa la Uingereza, na kanisa hilo halikukubali mtaliki aolewe tena ilhali mume wake wa zamani yu hai. Tarehe 11 Desemba 1936 Edward aliacha ufalme, mdogo wake akawa George VI. Wapenzi hao walifunga ndoa Ufaransa, Juni 1937.

Chanzo cha tuhuma
(a) Wallis alifahamiana na Ribbentrop, balozi wa Ujerumani London kuanzia 1936. Uvumi ukaenea kwamba alimpa siri za serikali.
(b) Oktoba 1937 Wallis na mumewe walizuru Ujerumani, wakapokewa na Hitler.
(c) Mwaka 1940, Ufaransa iliposhindwa vitani, walikimbilia Hispania kisha Ureno. Wajerumani walipanga kumshawishi Edward, au hata kumteka, ili wamtumie. Mpango huo haukufaulu. Churchill alimpeleka Bahamas kuwa gavana, mbali na uwanja wa vita.

Pima ushahidi
Nyaraka za Wajerumani zilizokamatwa mwaka 1945 zilifichua mpango huo. Lakini zingatia: barua ya adui huonyesha matarajio ya adui, haithibitishi kwamba Wallis aliuza siri. Hakushtakiwa kamwe. Hata hivyo, shaka ilimwandama hadi alipofariki Paris mwaka 1986. Alizikwa Windsor, kando ya mumewe.

Swali la marudio
Je, ziara ya mwaka 1937 inatosha kuthibitisha ujasusi? Toa hoja tatu.